Thuwaiba Ubwa Silima na Timu Niliyokataa Kwenda Kuitazama

Kwa jina la Mwenyezi Mungu, na kwa idhini ya mama yetu, Bi Mwanapili, aliyekaa hapa mbele yangu. Kwetu si ada kusoma wasifu kwenye hitma. Wasichana wa timu ya chuo ndio walioomba, na ndio waliochapisha hizi karatasi mlizoshika, kwa sababu juzi jeneza lilipotoka wao walibaki ndani pamoja nasi wanawake, na hawakuridhika kumuaga mwalimu wao kwa kuchungulia dirishani. Mimi ni Muzdalifa, dada yake. Nimekubali kusoma kwa kuwa nna jambo na marehemu ambalo sikulimaliza naye, na nitalisema litakapofika mahali pake.

Marehemu Thuwaiba alizaliwa hapa hapa mtaani kwetu Malindi siku ya Alkhamisi, tarehe 14 Machi 1991, mtoto wa pili na wa mwisho wa marehemu mzee Ubwa Silima, mpakizi wa mizigo bandarini. Mama husema mtoto huyu hakuanza kwa kutembea, alianza kwa kukimbia, kutembea akajifunza baadaye. Mimi nlikuwa na miaka minane, na kazi yangu ilikuwa kumkamata.

Alisoma skuli za hapa hapa mjini. Hesabu alizijua, hati yake ilikuwa mbaya mpaka siku ya mwisho. Mwaka 2011 aliingia chuo kikuu kusomea kazi za maabara, na Novemba ya mwaka ule akawakusanya wasichana wanane nyuma ya mabweni na mpira mmoja uliobanduka ngozi. Kila mmoja wao alikuwa ameshaambiwa kwao kwamba mpira wa miguu si mchezo wa mtoto wa kike. Kwetu aliyesema hivyo si baba wala mama, ni mimi. Walipofika kumi na moja akamtia golini Shadya, huyu aliyekaa karibu na mlango, si kwa kuwa alijua kudaka, ila alikuwa mrefu na hakuwa mbishi.

Mechi yao ya kwanza ilichezwa Jumamosi ya tarehe 18 Februari 2012, katika kiwanja kidogo huko Amani, na timu ya wasichana wa mjini waliokuwa wazoefu. Mwamuzi alipowakagua akazikataa pini za mitandio, akasema zitamchoma mtu. Basi wakakaa chini kuchomoana pini. Zilitoka hamsini na tatu, na Thuwaiba akazihesabu zote, maana nyingi waliazima kwa mama zao. Mpaka kila mtu ajifunge upya kisogoni, jua limeshapinda. Adhana ya Magharibi ikawakuta bila kwa bila, mwamuzi akapuliza kumaliza. Mechi sita zilizofuata walifungwa zote, kwa idadi ambayo Shadya ameniomba nisiitaje. Tangu hapo, wakienda kukutana na timu kali, marehemu alikuwa akiwaambia, "Leo jitieni pini nyingi."

Hayo yote nimehadithiwa juzi na jana. Sikuwepo.

Mwezi wa Mei 2014, muhula wake wa mwisho, timu ilifika fainali ya mashindano ya vyuo, ikachezwa uwanja wa Amaan. Siku hiyo nlikuwa natoka sokoni, nikapita nje ya uwanja na kikapu changu, nikasikia jina lake likitangazwa kwenye kipaza sauti: Thuwaiba Ubwa, namba sita. Watu wakapiga makofi. Nikasimama pale getini kwa muda, halafu nikaenda zangu kupika. Aliporudi nikamwambia, "Leo umechelewa." Akajibu, "Naam, dada, tulikuwa na kazi kidogo." Walifungwa mbili kwa moja, na ile moja aliifunga yeye. Hilo la goli nimelijua jana.

Baada ya kuhitimu, chuo kilimuajiri kuwa fundi wa maabara, na jioni akawafundisha wasichana mpira kwa kujitolea, mwaka hadi mwaka, mpaka waliokuja wakawa wadogo zao wale wa mwanzo. Mimi nshakuwa karani katika chuo hicho hicho, ofisi ya ustawi wa wanafunzi. Tukitoka nyumba moja asubuhi, tukirudi nyumba moja, dirisha la ofisi yangu linatazama kiwanja, na pazia nlilifunga mwenyewe.

Tarehe 6 Agosti 2016 aliolewa na Bwana Suhail, mkata tiketi wa boti hapa bandarini, wakaishi ghorofa ya juu ya nyumba hii. Bibi harusi hatoki siku zote saba za fungate, sote twajua. Siku ya nne, Suhail alionekana kiwanjani na kanzu yake mpya, ameshika karatasi ya mazoezi iliyoandikwa kwa ile hati mbaya. Wasichana walishindwa kuisoma, wakamwambia abaki awasaidie. Akabaki, akapewa na kitambaa cha kunyanyua pembeni mpira ukitoka. Mpaka leo hajakirudisha.

Sasa nimefika kwenye langu. Mwaka 2017 majirani walilalamika kwamba vijana wa kiume wanapanda ukuta kuwatazama wasichana wakicheza. Mkuu wangu wa wakati ule akaniita, akaniuliza, "Bi Muzdalifa, wewe mwenye mdogo wako mle, unaonaje?" Aliniuliza kwa heshima. Ningesema wajenge ukuta urefuke, yangeishia hapo. Nikasema, "Bora wasimame kidogo." Kidogo hicho kilikuwa miaka mitatu. Walifungiwa kiwanja, na wengine kati yenu mlimaliza masomo bila kukikanyaga tena.

Hawakuacha. Mwamvua, mmoja wa wachezaji, ambaye kwao ni Paje, aliwachukua kila Jumamosi kwenda kucheza ufukweni maji yakitoka, miguu mitupu, pembeni ya mashamba ya mwani ya mama yake. Marehemu alikuwa akirudi na mchanga mpaka ndani ya masikio. Nikimuuliza ametoka wapi, husema, "Paje, dada, kupunga upepo." Nami nikamnunulia kofia ya jua. Miaka yote mitatu hakuninung'unikia hata neno moja, nami nikajipa moyo kwamba hajui. Mwaka 2020 alikuja mkuu mpya, akakifungua kiwanja. Leo timu ina wasichana ishirini na sita.

Mwishoni mwa mwaka 2023 marehemu alianza kuvimba miguu, ikajulikana ni figo. Alikwenda kusafishwa damu mara tatu kwa wiki, na siku zilizobaki akenda kiwanjani, akikalishwa kwenye kiti. Tangu Juni mwaka huu hakuweza tena kushuka ngazi. Mimi ndiye nliyekuwa nikimkosha. Jumapili iliyopita, alasiri, nilikuwa nikimfuta miguu, nikavitazama vidole vyake, vimepinda na kucha mbili hazipo. Nikamuuliza, "Hivi vimefanya nini?" Akacheka, akasema, "Vimecheza." Pale nikaona siwezi tena. Nikaanza, "Thuwaiba, ule mwaka wa kiwanja..." Hakuniacha nimalize. Akasema, "Nnajua, dada. Nshajua siku nyingi. Nipe maji." Nikampa maji, akalala. Nikasema nafsini mwangu, kesho akiamka nitamuomba radhi vizuri, kwa utulivu.

Alifariki kesho yake, Jumatatu tarehe 8 Septemba 2025, saa mbili asubuhi, akiwa na umri wa miaka thelathini na nne. Amezikwa Mwanakwerekwe siku hiyo hiyo baada ya Alasiri.

Ameacha mama, mume, mtoto mmoja, Ilham, mwenye miaka saba, dada mmoja, na timu.

Mola amrehemu mdogo wangu, amkunjulie kaburi lake, na ayapokee yote mema aliyoyatenda.

Kwenye maziko huulizwa kama yupo aliyekosewa na marehemu. Kwa upande wangu aliyekosa ni mimi, na niliyemkosea hawezi kunijibu. Nyinyi wa timu mnaweza, na nawaombeni radhi. Na kama mtanipa, nna ombi moja zaidi. Nimeishi naye miaka thelathini na nne. Nnajua alivyokula, alivyolala, alivyougua. Sijui alivyocheza. Sijui akipata mpira alikuwa anautuliza kwanza au anaondoka nao, wala akifunga alikuwa anakwenda kumkumbatia nani. Basi ikisha dua msiondoke. Chai ipo. Kila mmoja aniambie mechi moja, na asiruke kitu.