Uso Wangu Chini ya Kifusi

Sogeeni, Mosele na Tumelo, sauti yangu haifiki tena mlangoni. Tumelo, kwanza zima hiyo kamera. Najua, niliwaahidi watu wa makumbusho kwamba kufa kwangu kutakuwa onyesho langu la mwisho, lakini niliahidi nikiwa mzima, nimeshiba, kifo kiko mbali. Sasa kimefika, na naogopa, wanangu. Zima. Ahsante.

Mnajua babu yenu, baba yangu, alifukiwa mgodini Welkom, Afrika Kusini, hakutolewa, na kwetu Lesotho, kule Mafeteng, tukazika blanketi lake tu. Ndiyo maana usanii wangu ukawa wa kujifukia. Siku ile nililala ndani ya sanduku chini ya kifusi cha mgodi, kamera usoni, na huko juu watu wakinitazama kwenye skrini kubwa. Kifusi kikaporomoka, kikaziba bomba la hewa. Niligonga, nikapiga mayowe, nikamwita baba, kumbe video haina sauti, wale waungwana waliona kinywa kinafunguka na kujifunga, wakasema, "Huyu mama anajua kuigiza!" wakapiga makofi. Ni wewe Mosele, kabinti kadogo, uliyepanda jukwaani ukafoka, "Haigizi, wajinga nyie! Mama yangu anakufa, chimbeni!" na marehemu baba yenu akachimba kwa kucha zake.

Mkanda ule ndio ulionipa jina. Wameusifia uso ule Dakar, wameusifia Ulaya, na mimi niliyekaa mbele yao nikitabasamu nilikuwa siwezi hata kupanda lifti.

Sikilizeni basi. Mkanda ni wa Mosele. Akitaka auonyeshe, akitaka autie moto, na wewe Tumelo usimbishie, maana wewe uliuona kwenye skrini ukubwani, yeye alikuwepo. Zile taa za wachimbaji nilizozitundika kwenye maonyesho niliazimwa na wajane wao. Zirudisheni nyumba kwa nyumba, mkashukuru kwa heshima. Nyumba hii ni yenu wote wawili.

Na mimi msinizike. Baba yenu mdogo, Ntate Moeketsi, atakuja juu: "Tangu lini Mosotho akachomwa? Shemeji kavurugwa akili na Wazungu!" Msimtukane, ni mkubwa wenu. Mwambieni kuwa mama yenu, 'M'e Nthofela, alisema mwenyewe, akili zake timamu, kwamba hawezi kurudi chini ya udongo, hata akiwa maiti hawezi. Nichomeni, majivu myapeleke mlimani kwenye upepo.

Mosele, usilie. Au lia, mama, lia tu. Pumzi inakuja nusu... Nilidhani uzee utaniondolea hofu. Haukuniondolea.

Molimo, Mungu wetu, awape nyumba zenye kelele za watoto, na mkigombana mpatane kabla chakula hakijapoa. Nawabariki kwa... nawabariki. Nishikeni. Tumelo, na wewe, mkono wa pili. Msiniachie mpaka... Msiniachie tu.