Anatolia Kokugonza na Mchuzi wa Karanga Alioonja Mwenyewe

Karibuni tukae pamoja, wasikilizaji wapendwa, wa Bukoba, wa Muleba na kokote redio hii inakosikika. Leo tunamkumbuka Anatolia Kokugonza, mpishi wa mchuzi wa karanga wa mtaa wa Bakoba. Alifariki mwezi uliopita, mwaka huu wa 1960, akiwa na miaka thelathini na mitatu. Najua wapo watakaozima redio nikifika katikati. Wazime tu, nitaendelea.

Anatolia alizaliwa Muleba. Baba yake, Mwalimu Lameki, alifundisha dini katika kanisa la Kilutheri. Aliolewa na Mushumbusi, mwana wa mzee Ta Rutashobya wa Ijuganyondo, wakahamia Bakoba. Wakajaliwa mtoto mmoja, Penina.

Jirani yao alikuwa Bi Zabibu, mama wa Kiislamu ambaye wazazi wake walitoka pwani. Mumewe, Saburi, alichoma mishikaki ya kuku kando ya barabara. Bi Zabibu ndiye aliyemfundisha Anatolia mchuzi wa kuchovyea. Unakaanga karanga kwa moto mdogo, bila mafuta. Unazipepeta maganda yatoke, halafu unatwanga mpaka karanga zenyewe zitoe mafuta. Unatia ukwaju, kitunguu saumu na pilipili. Nazi hazikupatikana, kwa hiyo walilainisha kwa supu ya kuku. Chumvi inatiwa mwisho, kidogo kidogo, huku unaonja.

Hapo kwenye kuonja ndipo palipokuwa na kazi. Wasikilizaji wapendwa, mnaijua mila yetu Wahaya. Mwanamke anamfuga kuku, anamchinjisha, anamnyonyoa, anampika. Kumla, hapana, wala supu yake. Kwa hiyo Anatolia alipika kwa kunusa tu. Akimaliza, alimwita mumewe aonje. Mushumbusi akisema chumvi imekolea, basi imekolea.

Mwaka 1953 shemeji yake, Mwijage, alioa. Bwana harusi alitaka mishikaki kama ya mjini, na mchuzi wa shemeji yake. Saburi akaja Ijuganyondo kuchoma. Anatolia akapika chungu kizima. Mushumbusi alikuwa amekwenda kumleta bibi harusi, kwa hiyo hapakuwa na wa kuonja ila wanaume waliokuwa uani. Walikuwa wanakunywa rubisi, pombe yetu ya ndizi, tangu asubuhi, na kutafuna punje za kahawa. Ulimi wa namna hiyo utasikia nini?

Baba mkwe akaonja. "Ongeza chumvi." Mwijage akaonja. "Bado." Mjomba mmoja akaonja. "Mwanamke, chumvi mnaificha?" Anatolia akaongeza, akaongeza, akaongeza.

Wageni walichovya mara moja tu, wakatema. Ta Rutashobya akamwita Anatolia mbele ya watu wote. "Umeniaibisha. Kwenu hukufundishwa kupika?"

Bi Zabibu alikuwapo, na amenisimulia mwenyewe. "Nilidhani atalia. Mimi ningelia. Yeye akajibu polepole, kama mtoto kwa baba yake, 'Tata, mimi sikuonja. Mlionja ninyi.' Halafu akarudi kwenye kinu."

Alikuwa amebakiza karanga. Akatwanga upya pale pale uani, watu wanamtazama. Akatia supu, ukwaju, pilipili, na chumvi kidogo. Akachovya kidole, akaonja. Akaongeza chembe ya chumvi, akaonja tena. Kisha akauchukua mshikaki kwenye moto wa Saburi, akauchovya, akauma nyama ya kuku.

Mushumbusi alikuwa amerudi. Alisimama mlangoni, akatazama chini. Ta Rutashobya akainuka. "Ukimeza, leo hii unarudi kwenu Muleba. Na mtoto ni wa ukoo huu, anabaki."

Penina alikuwa na miaka minne. Alikuwa ameshika kitenge cha mama yake. Anatolia alimtazama mwanawe, na moyo ulimuuma, maana yule mzee hakuwa na desturi ya kutania. Lakini aliona pia kwamba akitema, siku moja huyu naye atasimama hapa, apike asichokijua, atukanwe kwa makosa ya wengine. Akameza.

"Nimemeza, Tata. Na chumvi imetosha."

Jioni hiyo mama mkwe wake, Kokwijuka, alimfungia nguo zake na kumpeleka barabarani kungoja lori. Penina alishikiliwa ndani.

Huko Muleba majirani walimteta kwa kunong'ona. Mwalimu Lameki aliwajibu, "Nimesoma Maandiko miaka ishirini. Sijaona mahali binti yangu amekatazwa kuku." Lakini binti yake hakupata usingizi kwa kumkumbuka mtoto. Miezi mitatu mizima.

Ulipoingia mwezi wa nne Mushumbusi akaja. Akasema wazee wameridhia arudi, ila aombe radhi mbele ya ukoo. Anatolia akasema, "Kwa mwanangu nitarudi hata kwa miguu. Radhi sina." Mushumbusi akaondoka. Baada ya wiki mbili alirudi tena, na safari hii alikuwa amembeba Penina mabegani. Hakutaja wazee. Alisema tu, "Twende Bakoba."

Penina sasa ana miaka kumi na mmoja. Nilimuuliza anakumbuka nini. "Tulipofika nyumbani mama alinipa mshikaki. Akaniketisha nje, mlangoni. Akasema, 'Lya, mwana wange. Kula wakuone.'"

Tangu hapo mchuzi wa Anatolia ukauzwa kando ya moto wa Saburi, na wanawake wakaja. Wengine walikula wamejifunika kanga. Anatolia aliwasogezea viti mbele, barabarani kabisa. Ta Rutashobya hakukanyaga Bakoba.

Mwezi uliopita homa ikamchukua. Alizikwa Ijuganyondo. Siku ya kuondoa matanga Bi Zabibu alipika ule mchuzi, na wanaume wakapelekewa mishikaki yao. Kokwijuka, mama mkwe, akainuka kutoka kwenye mkeka wa wanawake. Akaenda mpaka mbele ya mumewe, akachukua mshikaki kwenye sahani yake, akachovya, akala akiwa amesimama. Kokwijuka akameza, akasema, "Miaka arobaini nimekupikia huyu kuku. Leo ndiyo nimejua nilichokuwa napika."

Kwa Mushumbusi, kwa Penina, kwa Mwalimu Lameki na mkewe, poleni sana. Mungu amlaze Anatolia pema.

Nanyi, wasikilizaji wapendwa, mlioendelea kusikiliza, chakula kikiletwa leo msikimbilie kunawa. Mwulizeni kwanza aliyekipika kama ameonja. Akijibu kwamba haruhusiwi, msogezeeni sahani, nanyi mkae mngoje mpaka ameze.