Gauni Lilitangulia Kutoka

[Gizani, bomba la jikoni linadondosha maji kwenye beseni la bati. To. To. To. Upande wa pili simu inaita, inaita, inapokelewa.]

Wifi: Haloo? Haloo! Ni nani?

Mpiga pasi: Mimi.

Wifi: Mimi nani? Akina mimi wako wengi mjini.

Mpiga pasi: Mimi wifi yako. Mke wa kaka yako.

Wifi: Ala! Na namba hii ya nani?

Mpiga pasi: Ya mama mwenye nyumba. Yangu imebaki kule kwa dobi, kwenye mfuko wa aproni. Habari za jioni?

Wifi: Habari gani tena, na wewe ndiye habari ya mtaa?

[Bomba linadondosha. To. To.]

Wifi: Nimetania. Haloo? Upo?

Mpiga pasi: Nipo. Chiriku hajambo?

Wifi: Mwanao hajambo. Nimemkagua mikono, masikio, mpaka kisogo. Hana hata lengelenge. Mvuke wa pale kwa dobi ulipita juu ya meza, yeye alikuwa chini yake.

Mpiga pasi: Amekula?

Wifi: Kijiko kimoja, tena kwa kubembelezwa.

Mpiga pasi: Na anasema nini?

Wifi: Hasemi.

Mpiga pasi: Hasemi nini?

Wifi: Hasemi kitu. Tangu atoke mle ndani hajafungua kinywa. Amejikunja kwenye kochi langu, kajizongazonga shuka, nikimsogelea anageukia ukutani. Hataki kushikwa, hataki kuoga, hataki kushuka.

Mpiga pasi: Chiriku? Yule anayepiga soga mpaka usingizini?

Wifi: Huyo huyo. Leo chiriku kawa jiwe. Hebu — nini hicho kinagongagonga huko?

Mpiga pasi: Bomba. Halifungi vizuri.

Wifi: Si uwashe taa ulikaze?

Mpiga pasi: Umeme umekatika.

Wifi: Umekatika? Mbona nimesimama dirishani na ninaona mtaa wenu wote unawaka kama sokoni?

Mpiga pasi: Basi wangu ndio umekatika.

Wifi: Haya. Unakuja kumchukua saa ngapi?

Mpiga pasi: Ndilo nililopigia. Lakini kwanza nilitaka nikueleze —

Wifi: Unieleze nini? Nilikuona, mwenzangu. Mtaa mzima ulikuona.

Mpiga pasi: Mliona miguu. Kichwani hamkuona.

Wifi: [Anacheka kidogo.] Kichwani kulikuwa na mtu?

Mpiga pasi: Wifi, tafadhali. Kule darasa la jioni, kwenye somo la malezi, mwalimu alituchorea ubongo ubaoni. Akasema ndani kabisa, usawa wa masikio, kuna kisehemu kidogo umbo la lozi. Kipo kulia na kipo kushoto —

Wifi: Lozi hili la kutafuna?

Mpiga pasi: Umbo tu. Kazi yake kulinda. Ni kama mlinzi wa getini asiyejua kusoma. Akisikia kishindo haulizi ni nani, anapiga kengele. Moyo unaenda mbio, damu inateremka miguuni, mkono unakamata kilicho karibu. Sasa huku mbele, nyuma ya paji la uso, ndiko anakokaa mwenye kufikiri. Huyu habari inamfikia imechelewa. Akija kushtuka —

Wifi: Miguu imeshafika barabarani.

Mpiga pasi: Eeh. Ndivyo.

Wifi: Kumbe hiyo shule ya jioni inafundisha kukimbia. Haya, miguu nimeielewa. Na gauni?

Mpiga pasi: [Mtandao unakwaruza.]

Wifi: Gauni jeupe la bibi harusi, limelala mkononi vizuri, halina hata kunyanzi. Nalo lilibebwa na lozi?

Mpiga pasi: Hilo ni mazoea.

Wifi: Mazoea!

Mpiga pasi: Sijitetei, wifi, naeleza. Kuna sehemu nyingine, chini chini huko, inayotunza yale ambayo mwili umeyarudia mpaka hauhitaji kuambiwa. Unalijua lile tangi letu la mvuke. Likitaka kutema maji ya kutu huanza kwa kupiga chafya. Bosi alitufundisha tangu siku ya kwanza: likipiga chafya tu, kabla hujatazama kitu chochote, nyakua nguo ya mteja mezani, geuka, kaa mlangoni. Doa la kutu halitoki. Mwanzoni nilikuwa nachelewa, ananigombeza. Siku hizi nanyakua huku naongea. Nanyakua huku napiga miayo. Leo mpira wa mvuke ulipochomoka, tangi lilianza kwa chafya. Mkono ukanyakua.

Wifi: Na mtoto alikuwa wapi?

Mpiga pasi: Unajua alikuwa wapi.

Wifi: Sema wewe.

Mpiga pasi: Chini ya meza hiyo hiyo. Alikuwa anapanga vifungo kwa rangi. Alikuwa ameegemea mguu wangu. Nilikuwa namgusa, wifi. Nilipogeuka nilihisi kabisa mguu umekuwa mwepesi.

Wifi: Mungu wangu.

Mpiga pasi: Akili inanirudia, niko katikati ya barabara nimeliinua gauni juu, juu kabisa, lisiguse vumbi. Watu wananitazama. Yule muuza karanga akaniuliza, "Na mtoto?" Yeye ndiye aliyeniuliza. Mimi nilikuwa bado sijauliza.

Wifi: Usilie. Haloo? Usilie kwenye simu ya watu, utailowesha.

Mpiga pasi: Silii.

Wifi: Ni bomba linalolia.

Mpiga pasi: Jioni nilitoka kununua mshumaa, vijana wa gengeni wakaniita "Mama Gauni". Nikarudi bila mshumaa.

Wifi: Mshumaa wa nini, na umeme unao?

Mpiga pasi: Sikutaka kuwasha taa. Kuna kioo pale sebuleni.

[Mtandao unakwaruza.]

Mpiga pasi: Kaka yako amejua?

Wifi: Yuko safarini na lori lake, lakini maneno yana magurudumu mengi kuliko yeye. Amenipigia mara mbili, sijapokea. Nimwambie nini?

Mpiga pasi: Mwambie Chiriku anakaa kwako.

Wifi: Leo?

Mpiga pasi: Leo. Na kesho. Na mpaka —

Wifi: Mpaka lini?

Mpiga pasi: Wewe mwili wako ulijua pa kwenda. Ulipita katikati ya mvuke ukamtoa. Wangu haukujua. Watu wanasema mama hafundishwi umama, unao ndani. Mimi leo nimechungulia ndani nikakuta gauni.

Wifi: [Kimya kirefu.]

Mpiga pasi: Haloo? Ni mtandao?

Wifi: Mtandao mzima.

Mpiga pasi: Basi sema kitu.

Wifi: Unajua unasema nini? Na unajua unamwambia nani?

Mpiga pasi: Najua.

Wifi: Hujui. Siku ile nilipompa Chiriku soda akakohoa usiku kucha, uliniambia nini? "Uchungu wa mwana aujuaye mzazi." Mbele ya mama yangu. Nikatabasamu, nikaenda jikoni kuosha vyombo vilivyokwisha oshwa.

Mpiga pasi: Wifi, nisamehe.

Wifi: Sijakuomba uombe radhi. Nakuonya. Ukinipa mtoto huyu leo, kesho ukija kumtaka sitakuwa mtu mwema. Nimeshamtandikia kile chumba cha mbele. Nimeshaanza kuwaza shule gani iko karibu na hapa. Ndiyo, nimeshaanza! Hata kabla hujapiga!

Mpiga pasi: Basi afadhali. Utamtunza.

Wifi: Lirudishe hilo neno!

Mpiga pasi: Utamtunza kuliko —

Wifi: Lirudishe, nimesema! [Anashusha sauti.] Asisikie. Sikiliza. Mtaani wanasemaje kuhusu mimi?

Mpiga pasi: Wanasema uliingia kwenye moto bila kufikiri.

Wifi: Mvuke.

Mpiga pasi: Mvuke, basi. Wanasema damu ni damu, shangazi ni mama.

Wifi: Na mimi nikanyamaza. Nikaketi pale nje ya saluni yangu, jirani na dobi, napokea pongezi, mpaka yule mama mwenye duka la unga akaniletea maji kwenye glasi, glasi yake ya wageni. Nilikimbia, wifi.

Mpiga pasi: Ulikimbia kuingia.

Wifi: Kutoka! Nilikimbia kutoka! Kishindo kilinikuta nasuka mtu. Nilichomoka na kitana mkononi, mteja nimemwacha nusu kichwa. Nikavuka barabara bila kutazama gari. Nikajificha nyuma ya tangi la maji la jirani, mtu mzima na kiuno changu hiki. Chiriku hakunijia akilini hata kidogo.

Mpiga pasi: Lakini ulimtoa wewe. Nilimwona mikononi mwako.

Wifi: Tulia nimalize. Nilipochungulia nikaona mtu mmoja anarudi dukani mbio, kichwa chini kama beberu. Watu wote wanatoka, yeye anaingia. Na gauni liko mtaroni. Nani alilitupa mtaroni?

Mpiga pasi: Lilinidondoka.

Wifi: Halikudondoka. Ulilitupa kama tambara. Ukaingia mlango wa mbele, mvuke umetanda hata mlango wenyewe hauonekani, nadhani ni mimi tu niliyekuona. Ndipo nikaona haya, nikazunguka nyuma. Na Chiriku alikuwa ameshatambaa mpaka kwenye mlango wa uani. Nilichofanya mimi ni kuinama. Wewe ulikuwa bado ndani, unapapasa chini ya meza unamwita jina lake. Nilikusikia. Nilikusikia, nikatoka na mtoto, nikakuacha uendelee kupapasa.

[Bomba linadondosha. To. To.]

Wifi: Vidole vyako vikoje?

Mpiga pasi: Viwili vimetoka malengelenge. Nimefunga kitambaa.

Wifi: Na bado unajiita Mama Gauni.

Mpiga pasi: Nilichelewa, wifi.

Wifi: Ulichelewa. Hilo sikufichi. Ulichelewa.

Mpiga pasi: Na kwa nini hukuwaambia watu kwamba nilirudi?

Wifi: [Anakohoa.] Kuna mama mmoja mpita njia, hatujuani. Alinishika bega akasema, "Pole, mama yake." Akaenda zake. Nikashindwa kumwita nimsahihishe. Baadaye ikawa ngumu zaidi. Ndiyo hivyo. Kama una tusi, tukana.

Mpiga pasi: Sina tusi.

Wifi: Lingenisaidia.

Mpiga pasi: Sina, wifi.

[Mtandao unakwaruza. Simu inatoa mlio mfupi.]

Wifi: Nini hicho?

Mpiga pasi: Salio la watu linaisha.

Wifi: Basi nijibu upesi. Huyo mwalimu wako aliishia hapo hapo kwenye lozi? Kengele ikalia, wanafunzi mkaenda nyumbani?

Mpiga pasi: Hapana. Alisema yule wa mbele akishapata habari anaweza kumtuliza mlinzi. Anaweza hata kuigeuza miguu irudi.

Wifi: Ehe! Na hilo mbona hukunieleza?

Mpiga pasi: Halikunijia.

Wifi: Lilikujia. Hukulitaka. Endelea.

Mpiga pasi: Akasema kwa mtoto mdogo huyo wa mbele bado hajakomaa, yuko mbali sana kukomaa. Kengele ikishalia, mtoto hawezi kuizima mwenyewe. Anazimiwa na mtu.

Wifi: Mtu gani?

Mpiga pasi: [Polepole.] Mtu aliyemzoea. Sauti yake, harufu yake.

Wifi: Mimi nimeimba hapa mpaka koo limekauka, jirani kagonga ukuta. Sauti yangu kumbe si dawa. Sasa huyo aliyemzoea yuko wapi? Yuko gizani anasikiliza bomba.

Mpiga pasi: Amenigeukia ukutani, wifi. Amenisusa. Ana haki.

Wifi: Amenigeukia mimi, wewe hata hujaja kugeukiwa. Nampelekea simu.

Mpiga pasi: Usimlazimishe! Wifi, usi — ngoja, sijui nitamwambia nini —

Wifi: Hata mimi sikujua nitakuambia nini. Chiriku! Chiriku wa shangazi, simu. Ni mama.

Mpiga pasi: Akikataa mwache.

Wifi: Ngoja. Amegeuka.

Mpiga pasi: Amegeuka?

Wifi: Anaitazama simu. Mtoto, shika basi, haing'ati. Haya! Kaikamata kwa mikono miwili kama anaiba. Sasa ananisukuma na mguu.

Mpiga pasi: Anataka nini?

Wifi: Anataka nitoke. Ananionyesha mlango! Nafukuzwa kwenye nyumba ninayoilipia mwenyewe!

Mpiga pasi: Toka basi, wifi. Toka, tafadhali, salio —

Wifi: Natoka, natoka. Na wewe ukimaliza uvae viatu, umenisikia? Haya kwaheri, kwaheri, ongeeni.

[Mlango unafungwa. Pumzi ndogo, za haraka, karibu sana na simu. Mlio mfupi tena.]

Mpiga pasi: Mwanangu. Ni mama.

[Pumzi.]

Mpiga pasi: Si lazima useme kitu. Mama atasema. Leo mama aliogopa, akakimbia, akakuacha peke yako chini ya meza. Hukukosea wewe, nilikosea mimi. Ukinikasirikia nitakuja hivyo hivyo, nitakaa mlangoni kwa shangazi mpaka ikuishe. Mama ana aibu, mwanangu. Aibu kubwa, hata sijui pa kuiweka.

[Pumzi zinasimama kidogo. Halafu sauti nyembamba, ya kunong'ona.]

Chiriku: Mama, nimejikojolea, usimwambie shangazi.