Mzee Likwata na Mbio Bila Shuka

Baada ya miaka thelathini na minne mbele ya kamera za Italia, Mzee Valerian Likwata anastaafu rasmi leo, tarehe 28 Juni. Amerudi kwetu Mtanda na mabega yake mapana yaleyale, pamoja na suti mbili za filamu ambazo anasisitiza kwamba alipewa.

Alikwenda Roma kusomea umeme. Mtu wa filamu alimwona akishuka kwenye basi, akayapenda mabega, akamfanya mlinzi wa hoteli. Tangu hapo amekuwa baharia, dereva wa balozi, bawabu, hata padri mgeni. Zaidi alifungua milango na kusogea pembeni ili mastaa wapite. Filamu moja inamwonesha bega tu, ila ni bega lililosimama vizuri. Sisi wa Kikundi cha Maigizo Mtanda hatuna ubavu wa kumcheka. Mwandishi wa mistari hii aliwahi kupewa nafasi ya maiti, akapiga chafya.

Kila alipokuja likizo alitufundisha kazi. Mkewe, Restuta, alikuwa akionesha watu picha ile ya padri tu. Mama yake Restuta, Bibi Fortunata wa Rasbura, akaringa nayo jumuiya nzima. Na Mzee ni mkwe wa kizamani: akikutana na Bibi njiani hupisha hadi vichakani, wala hajawahi kula mbele yake.

Sasa tufike kwenye aibu. Jumamosi iliyopita kamati yetu ilimwandalia onesho la kumshtukiza. Eusebio, fundi wetu wa mitambo, alipata filamu ambayo Mzee anaonekana muda mrefu kuliko zote. Hakuna aliyeitazama kwanza. Bibi Fortunata tukamkalisha mbele kabisa, kwa heshima. Mzee akatokea kama mgonjwa anayetoroka hospitali. Muuguzi akadaka shuka, shuka likabaki mkononi, mgonjwa akakata uwanja mzima wa kanisa na chupi yenye mistari.

"Zima, Eusebio! Mama yupo hapa!" Restuta alipiga kelele.

"Mwacheni padri amalize misa!" akadakia Mwahija, mchekeshaji wetu.

Ukumbi ukaangua kicheko. Bibi akajifunika kanga uso mzima, akaongozwa nje. Mzee, aliyefungua milango maisha yake yote, alitoroka kupitia dirishani.

Tangu siku hiyo hajakanyaga Rasbura. Alituambia wazi: Bibi akija leo kwenye sherehe ya kumuaga, yeye haji. Jana tukaenda kwa Bibi na doti ya kanga na kuku, kuomba radhi. Alitusema mpaka tukabaki kutazama miguu yetu.

"Watu wazima na ndevu zenu, mnashindwa kuitazama kwanza?"

Kisha akampokea kuku.

Mzee wetu, nakala ya salamu hizi tunakuletea nyumbani asubuhi, kabla hujafunga mlango. Tunakuomba radhi mbele ya watu wote. Ahsante kwa kutufundisha kwamba hata anayepita nyuma ya staa anapaswa kupita sawasawa. Mungu akujalie ustaafu wa afya na utulivu, wewe na mkeo Restuta.

Bibi atakuwepo, safu ya pili. Ya mbele ameikataa. Tulipokuwa tunaaga alituita, akatukabidhi ujumbe wa kukufikishia:

"Mwambieni mkwe wangu nilifumba macho. Lakini alikimbia vizuri."