Tak Yong-mun, Aliyekimbizana na Jengo la Lusail

Ndugu waombolezaji, historia ya shemeji yangu imeangukia mikononi mwangu mimi Job, kakake mjane Nasimiyu, dereva niliyejifundisha kuandika mwenyewe, kwa hiyo nitaisoma ilivyokuwa, na anayetaka sukari aongeze kwenye chai yake.

Tak Yong-mun alizaliwa tarehe 14 Machi 1961 huko Mokpo, Korea Kusini, akasoma huko huko hadi sekondari, mwaka 1980 akaenda Seoul kusomea uhandisi, akautoroka mwaka wa pili ili aandike hadithi za sinema. Hadithi yake ya kwanza ilipigwa picha mwaka 1988, akaanza kuongoza filamu mwenyewe mwaka 1995, ya tatu ikakosa watazamaji mwaka 2003, naye akatangaza kwamba wamefanya vizuri kutokuja.

Alifika Doha Novemba 2006 kwa wiki sita, kurekodi tangazo la kampuni ya ujenzi, akakaa miaka kumi, akihama nyumba mara saba ndani ya mtaa wa Najma pekee, kwa sababu hakuna dirisha lililomridhisha.

Dada yangu Nasimiyu alikuwa mhudumu wa mapokezi hotelini, Tak akampata huko mwaka 2008, akimpelekea malalamiko kila siku mpaka yakamwishia, na tarehe 21 Agosti 2010 akaleta mahari kwetu Kimilili, ambako badala ya kuketi na wazee alizunguka boma akilipima kwa vidole kama kamera, hata mama akauliza kama huyu mkwe anaoa au ananunua shamba. Walijaliwa binti mmoja, Virginia, tarehe 9 Mei 2012.

Januari 2013 alianza filamu ya nne, kisa cha mlinzi wa jengo linalojengwa Lusail, mji mpya kando ya Doha, mwigizaji akiwa Cornelius wetu huyu, mlinzi wa kweli, na kosa la Tak ni kuacha onyesho la mwisho lingoje, kwani alilitaka kwenye ghorofa tupu, wakandarasi wakajenga kuta, akaandika upya, wakaweka vioo, akaandika upya, mara kumi na moja, nami nikimwambia, mzee, Lusail haikungoji, naye akinijibu, Job, endesha gari.

Juni 2015 madaktari walimkuta na ugonjwa wa moyo, wakamwamuru atulie, amri ambayo hakuitii hata siku moja. Ijumaa tarehe 3 Machi 2017 alinipigia nimpeleke Lusail, nikamfokea kwamba hata punda ana siku yake ya kulala, nikakata simu, akaenda kwa teksi, akaanguka kwenye ngazi nyuma ya Cornelius aliyekuwa akipanda, kamera ikiendelea kurekodi, akafariki Ijumaa iliyofuata, tarehe 10. Hilo la simu ni langu, asinifichie mtu.

Wapo watu wa sinema waliopiga simu kutoka Seoul wakitaka kuitungia filamu mwisho mtamu na kumvisha mtu mwingine sare ya Cornelius, Nasimiyu akakataa, nami nikawajibu kwa maneno nisiyoweza kuyarudia mbele ya mchungaji.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani wa Najma, walinzi wenzake Cornelius mlioigiza baada ya zamu, na Hadijah aliyetupa sebule yake hapa Al Thumama. Mwili unasafiri kesho kwenda Mokpo, na keshokutwa tutaionyesha filamu hapa hapa, kwa hiyo ikikatika Cornelius akiwa bado anapanda, msiseme umeme umepotea, kaeni kidogo, mwisho ni huo.

Shemeji, sasa keti, upumzike kwa amani.