Mkono Aliopewa Alphée Daigle

Padri wetu, waheshimiwa mliotoka Bungeni kule Augusta na theluji hii yote, majirani wa Saint-Aubin na wa Bonde zima, mimi ni Lorraine, mtoto wa kwanza wa marehemu, familia imenipa kazi ya kuwasomea maisha yake, na mkiona karatasi inatetemeka msidhani ni baridi, ni hofu, na sababu yake nitaifikia.

Alphée Daigle alizaliwa tarehe 3 Oktoba 1941 hapa Saint-Aubin, katikati ya msimu wa kuvuna viazi, mama yake akiwa ametoka shambani mchana huohuo, baba akiwa mtoto wa saba wa Donat na Edwidge Daigle. Alianza shule mwaka 1947, akaadhibiwa mara nyingi kwa kuongea Kifaransa uwanjani, lugha pekee aliyokuwa nayo, akamaliza sekondari mwaka 1959 na kurudi kwenye viazi. Tarehe 27 Juni 1964 alifunga ndoa na mama yetu, Géraldine, mbele ya altare hii hii, wakajaliwa watoto wawili, mimi mwaka 1966 na mdogo wangu Rosaire mwaka 1969.

Novemba 1974 alichaguliwa kuingia Bunge la jimbo, na kuanzia hapo tulimpata mwisho wa wiki tu, barabara ikiruhusu. Ilipokuja sheria ya ukomo wa vipindi alihamia Seneti, muda wa huko ulipokwisha akarudi Bungeni, hadi mama akamwambia, "Wamekufungia mlango, wewe umepita dirishani," naye akacheka, akaomba aongezewe ploye, zile chapati zetu, na mchuzi wa kuku.

Katika miaka yote hiyo jambo moja lilimgharimu, na wengi wenu mnalikumbuka. Waheshimiwa wana desturi yao, mbunge akishindwa kufika humwomba mmoja wa upande wa pili naye asipige kura, ili pasiwe na aliyepunjwa, na wakishapeana mkono, imekwisha. Februari 1994 Mheshimiwa Wendell Sprague, mvuvi wa pwani, mpinzani wa baba kwa karibu kila kitu, alikwenda kumtafuta kaka yake aliyepotea baharini, na baba akampa mkono. Kaka mtu akaopolewa akiwa amekufa, na siku ya muswada wa kuwafidia wakulima ambao viazi vyao vilioza ghalani, Wendell akiwa bado hajarudi, wakubwa wa chama wakamwambia baba, "Msako umekwisha, Alphée, bonyeza kitufe cha kura." Baba akajibu, "Mimi nilimpa mkono Wendell, sikuupa msako," kisha akakalia mikono yake yote miwili, mbele ya Bunge zima, asije akasahau.

Muswada ulianguka kwa kukosa kura moja tu. Jirani yetu Onésime, ambaye ananiangalia sasa kama hajui lolote, alikuja na trekta akamwaga viazi vilivyooza kwenye baraza yetu, akasema, "Tulikutuma ukapige kura, si ukakalie mikono," na mama alisugua zile mbao hadi Pasaka. Sisi watoto tulimkasirikia baba, mimi zaidi, maana nilikuwa nimeolewa kwenye shamba la viazi.

Novemba 2014 madaktari waligundua saratani ya kongosho. Muswada wake wa mwisho ni ule wa kunusuru wodi ya wazazi ya hospitali yetu, na Mheshimiwa Sprague anaupinga, anasema jimbo haliwezi kuubeba mzigo huo, na anaamini hivyo kwa dhati. Hata hivyo, tarehe 22 Februari aliendesha gari kutoka pwani hadi kitandani kwa baba, nikawasikia. Baba alimwambia, "Wendell, siku ya kura nitakuwa nimelala, wewe je?" Naye akasema, "Si nitakaa tu, we mzee msumbufu," wakapeana mkono.

Baba alifariki Jumapili, tarehe 8 Machi 2015, alfajiri, na kura ni kesho. Jana hapa kwenye mkesha, karibu na birika la kahawa, nilisikia watu wa upande wake wakimwambia Mheshimiwa Sprague kwamba marehemu hana kura, kwa hiyo mkono ule nao umekufa, na kwa kanuni wana haki. Mheshimiwa akikaa, muswada unapita kwa kura moja, akipiga kura ya kupinga, inakuwa sare, na sare ni kuanguka. Binti yangu Mireille, huyu aliyekaa mbele, anayenikonyeza nimalize, ni wa kujifungua wakati wowote mwezi huu, na wodi yetu ikifungwa, inayofuata iko mbali, karibu saa mbili kwa gari barabara ikiwa nzuri, na mnajua wenyewe barabara zetu za Machi. Ndiyo maana karatasi inatetemeka.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia baba bila kuchoka, majirani mlioondoa theluji njiani kwetu na kuleta chakula, akiwemo Onésime, ambaye safari hii viazi vyake vilikuwa vimepikwa, na waheshimiwa wa pande zote mbili mliofanya kazi naye.

Hapa chini nilikuwa nimeandika ombi kwa Mheshimiwa Sprague. Rosaire alinikataza, akasema, "Dada, msibani hatuombi kura," nami nilikusudia kulisoma hivyohivyo, lakini nimeinua macho sasa hivi kumtafuta, nikamwona pale benchi la nne, mzee mzima ndani ya suti yake nyeusi, amekaa wima, mikono yote miwili ameikalia.

Basi silisomi. Baba, lala, pumzika kwa amani.