Aliyeniita Shangazi

Tulikuwa tukishuka mjini kutoka Matombo kwa gari la abiria, Noah. Mbele yangu, Drashti, mwenye duka la viungo mjini, alimsikiliza Bi Mwajuma, aliyekuwa akienda Mlali kumwomba radhi dada yake. Matapeli walikuwa wameteka wasapu ya Bi Mwajuma, wakamwandikia dada huyo kwa jina lake kwamba amelazwa hospitalini. Dada akauza ng'ombe, akawatumia hela.

“Waliingiaje, mama?” Drashti aliuliza.

“Yasmin, binti wa marehemu kaka yangu, aliniandikia: ‘Shangazi, namba zangu za siri zimekuja kwako kimakosa, nirudishie.’ Nikamtumia, nikaongeza na dua. Kumbe na wasapu yake walishaiteka.”

“Namba hizo ndizo ufunguo wa wasapu yako; hapewi mtu, hata ndugu. Ungempigia kwanza, usikie sauti yake.”

“Tuligombana msibani kwa baba yake, mwanangu. Tangu siku hiyo hakuniita shangazi. Niliogopa nikipiga atakata.”

Drashti, aliyekuwa na jibu la kila kitu tangu tulipoondoka, alimgeukia. “Basi mpigie sasa. Naye kaibiwa kama wewe.”

“Nimwambie nini? Kwamba nimempa mwizi maneno mazuri niliyomnyima yeye?”

Gari likasimama stendi. Bi Mwajuma akashuka, simu mkononi, bila kupiga.